Ruta ya faiba nayo hutaka matengenezo: jinsi ya kuipa programu mpya bila kuiua



Katika mikutano ya matawi tumekuwa tukiulizwa jambo moja mara kwa mara. Wenzetu waliopanga vyumba Kampala na Jinja, na wengine wanaokaa nyumba za kiwanda zilizo karibu na mji, wamechangishana fedha wakavutiwa intaneti ya faiba. Laini moja hutumiwa na nyumba tatu, nne, hata sita. Watoto husomea hapo, akina mama hupokea oda za biashara zao hapo, na mshahara unaopitia benki hutazamwa hapo kwa simu. Sasa wameambiwa kwamba ile ruta iliyo ukutani inahitaji programu mpya, nao wanauliza: Je, ni lazima? Nani aifanye kazi hiyo? Na ni kweli kwamba ruta inaweza kufa kazi ikiwa katikati?

Jibu letu kwa ufupi ni hili: ni lazima, na ni kweli inaweza kufa. Lakini haifi ovyo. Hufa kwa sababu tatu zinazojulikana: mtu kugusa kisanduku kisicho chake, kuingiza faili lisilo la ruta hiyo, au umeme kukatika kazi ikiendelea. Anayeziepuka sababu hizi tatu kwa kawaida humaliza kazi katika nusu saa bila hasara.

KINACHOBADILISHWA NI NINI

Ruta ni kompyuta ndogo. Haina kioo wala vibonye vya kuandikia, lakini ndani yake mna programu inayoiambia la kufanya: nani aingie, nani azuiwe, habari ipite njia gani. Mafundi huiita programu hiyo fimuwea. Sisi hapa tutaiita programu ya ndani. Imeandikwa katika chipu ya kumbukumbu isiyosahau hata umeme ukizimwa. Ndiyo maana ukiiwasha ruta asubuhi huamka na jina lile lile na neno la siri lile lile.

Programu hii huandikwa na binadamu, na binadamu hukosea. Ruta zikisha kuuzwa kwa maelfu, watu hugundua ufa ambao mgeni anaweza kupenya bila kugonga mlango. Hapo kiwanda kilichoitengeneza ruta huandika programu nyingine, ufa ukiwa umezibwa, na huitoa bure. Lakini habari ya ufa huo ikitangazwa, humfikia mwenye nyumba na mwizi kwa siku moja. Asiyeiingiza programu mpya anabaki na mlango ambao wezi wamekwisha elezwa ulipo. Wahenga walisema usipoziba ufa utajenga ukuta, na katika jambo hili hawakukosea.

HASARA YAKE IMEKWISHA ONEKANA

Mwaka 2011 huko Brazili wezi waliingia katika modemu za nyumbani zipatazo milioni 4 na nusu kwa kupitia ufa wa programu ya ndani. Hawakuiba modemu. Walibadili jambo moja tu: mahali ambapo modemu huuliza njia ya kwenda kwenye tovuti fulani. Mtu aliandika jina la benki yake sawasawa, naye akapelekwa kwenye ukurasa wa uongo uliofanana na ule wa kweli. Akaandika neno lake la siri, wezi wakalipokea.

Mfano wa pili unaigusa Afrika. Mwaka 2016 mtu mmoja Mwingereza alilipwa aishambulie kampuni ya simu ya Lonestar MTN ya Liberia. Silaha yake ilikuwa vifaa vya watu wengine, kama vile kamera za ulinzi, vilivyotekwa kwa mbali bila wenyewe kujua na kuamriwa vyote kuigonga kampuni hiyo kwa pamoja. Alipotaka kuliongeza jeshi lake, Novemba mwaka huo huo, alijaribu kuziteka ruta za nyumbani. Huko Ujerumani wateja wapatao 900,000 wa Deutsche Telekom wakakosa intaneti na simu. Dawa iliyotolewa ilikuwa programu mpya ya ndani: wateja waliambiwa wazime ruta, kisha waiwashe ili iipokee. Januari 2019 mahakama ya London ilimfunga mtu huyo miaka 2 na miezi 8.

Na mtu asidhani kwamba faiba ina kinga yake. Mwaka 2018 watafiti walitangaza kwamba aina fulani za ruta za faiba za kampuni ya DASAN ya Korea Kusini zingeweza kufunguliwa bila neno la siri. Ruta zaidi ya milioni moja za namna hiyo zilikuwa zikionekana katika intaneti.

Tuseme wazi ili tusitishane bure. Fedha unazotuma kwa namba za nyota na alama ya reli hazipiti kwenye ruta, hupita kwenye mtandao wa simu. Lakini tovuti ya benki, barua pepe na programu za benki zilizo ndani ya simu hupita hapo kila unapotumia waifai ya nyumbani. Nyingi zina ulinzi wao wenyewe. Kwa hiyo simu ikikuonya kwamba tovuti si salama, usibonyeze kuendelea.

KWANZA: KISANDUKU NI CHA NANI?

Faiba ni uzi mwembamba wa kioo unaopitisha nuru. Ikifika nyumbani huishia katika kisanduku kinachoigeuza nuru hiyo kuwa umeme ambao vifaa vyetu vinaufahamu. Kuna mipango miwili.

Mpango wa kwanza ni wa kisanduku kimoja kinachofanya yote: kinapokea nuru na kinatoa waifai. Utakitambua kwa uzi mwembamba wenye kichwa cha plastiki cha kijani au buluu, na kwa taa zilizoandikwa PON na LOS. Mara nyingi kisanduku hiki ni mali ya kampuni inayoleta intaneti. Kampuni ndiyo inayokipelekea programu mpya kupitia uzi ule ule wa faiba. Wewe usikiingizie faili lolote. Kila kisanduku cha namna hii kimeandikishwa kwenye mitambo ya kampuni, na programu isiyokubaliana na mitambo hiyo inaweza kukifanya kisitambulikane tena. Intaneti itakatika, na kampuni itakudai kisanduku chake.

Mpango wa pili ni wa visanduku viwili. Kidogo cha kampuni hupokea nuru, kisha waya mnene hutoka hapo kwenda kwenye ruta iliyonunuliwa dukani. Ruta hiyo ya pili ndiyo yako, nayo ndiyo unayotakiwa kuitunza mwenyewe. Kampuni nyingine huazimisha ruta hii pia. Kwa hiyo soma mkataba wako kabla ya kuigusa.

Kama kisanduku ni cha kampuni, kazi yako ni kuuliza na kutokizuia. Piga namba iliyochapwa kwenye mkataba au risiti, uulize mambo matatu. Programu ya ndani ya kisanduku changu ni ya toleo gani? Ilibadilishwa lini mara ya mwisho? Je, kiwanda bado kinaitolea programu mpya? Andika majibu na tarehe katika daftari. Anayelipa kila mwezi ana haki ya kujibiwa, na wateja kumi wakiuliza swali moja husikiwa upesi kuliko mmoja.

Kutokizuia maana yake ni hii. Wengi wetu huzima ruta ukutani usiku ili kuokoa umeme. Lakini kampuni mara nyingi hupeleka programu mpya usiku, watu wakiwa wamelala. Kisanduku kilichozimwa hakipokei. Ruta ya kawaida hula wati 10 hivi. Ikiwaka saa 24 inatumia robo ya uniti tu. Iache ikiwaka. Na ukiamka usiku ukakuta taa zinapepesa na intaneti haipo, usikimbilie kuchomoa. Subiri robo saa, huenda kazi inaendelea.

MAANDALIZI SITA

Haya sasa ni kwa mwenye ruta yake mwenyewe.

1. Igeuze ruta usome karatasi iliyobandikwa chini. Andika jina la kiwanda, modeli, na namba ya toleo la kifaa, ambayo huanza kwa "Ver" au "V". Namba hii si pambo. Chukua TP-Link Archer C6: ile ya V2 na ile ya V3 zina jina moja, lakini chipu zilizo ndani ni tofauti, na programu ya moja si ya nyingine. Tumeona nyumba za wafanyakazi ambako kijana mmoja hodari aliingiza faili alilotumiwa na rafiki aliye mbali. Modeli ilikuwa ile ile, namba ya toleo ikawa nyingine. Ruta haikuamka tena. Familia sita zilikaa siku tisa bila intaneti, watoto wakiwa katika wiki ya mitihani, na ruta mpya ilinunuliwa kwa mchango. Hakuwa mjinga kijana yule, ila alipita tarakimu moja bila kuisoma.

2. Fungua ukurasa wa ruta. Kwenye kompyuta iliyounganishwa na ruta, andika katika kivinjari anwani iliyo kwenye karatasi ile ile. Mara nyingi ni 192.168.0.1 au 192.168.1.1. Ingia kwa neno la siri la msimamizi, ambalo si lile la waifai. Tafuta mahali palipoandikwa "Firmware" na uandike toleo lililomo sasa. Ruta nyingi za siku hizi zina kitufe hapo cha kutafuta programu mpya zenyewe. Kama yako inacho, tumia njia hiyo, maana ruta italeta faili lake lenyewe na hatari ya kukosea namba hupungua sana.

3. Kama hakuna kitufe hicho, pakua faili kutoka tovuti ya kiwanda kilichotengeneza ruta, si mahali pengine. Jina la tovuti liandike mwenyewe. Usipokee faili kwa WhatsApp, hata kutoka kwa ndugu, wala usichukue kwenye tovuti inayodai malipo. Hakikisha modeli, toleo la kifaa na eneo la dunia vinalingana na karatasi yako. Faili likija limefungwa kama zip, lifungue kwanza. Linaloingizwa kwenye ruta ni lile la ndani, ambalo mara nyingi jina lake huishia na "bin".

4. Hifadhi mipangilio. Katika ukurasa wa ruta pana mahali pa "Backup" panapokupa faili la mipangilio yote. Liweke kwenye kompyuta. Aidha, andika katika daftari jina la waifai, neno lake la siri, na jina na neno la siri la akaunti ambayo kampuni ya intaneti ilimpa fundi wakati wa kufunga laini. Baadhi ya ruta husahau kila kitu zikisha kupewa programu mpya. Bila maneno hayo utakuwa na ruta nzima isiyo na intaneti.

5. Chagua saa ya umeme wa uhakika. Usifanye kazi hii wakati wa radi, wala wakati ambao mtaa wenu umezoea kukatiwa. Kama mnaweza, changeni mnunue kisanduku cha betri cha ruta. Angalieni volti zilizoandikwa kwenye ruta, mara nyingi 12, ziwe sawasawa na zile za betri. Na kompyuta iwe na chaji ya kutosha.

6. Tumia waya wa mtandao kutoka kompyuta hadi ruta, usitegemee waifai, kwa kuwa waifai ikikatika faili likiwa njiani kazi inaharibika. Asiye na kompyuta aazime. Ikiwa hana budi kutumia simu, atumie programu rasmi ya kiwanda cha ruta, akae karibu kabisa na ruta. Waarifuni majirani wanaotumia laini hiyo kwamba intaneti itakatika kwa nusu saa.

KAZI YENYEWE

Chagua faili, bonyeza "Upgrade", kisha ondoa mikono. Ruta hufuta programu ya zamani katika chipu, kisha huandika mpya. Ni kama kuezua paa ili uezeke jipya: mvua ikikushika katikati, huna la zamani wala huna jipya. Ruta za bei kubwa kidogo huweka nakala mbili, zikarudia ya zamani mambo yakiharibika. Nyingi za bei nafuu hazina nakala ya pili.

Kwa hiyo usizime, usichomoe, usifunge kivinjari, usibonyeze mara ya pili. Taa zitazimika na kuwaka, na ruta itajizima na kujiwasha yenyewe. Kazi huchukua kama dakika 3 hadi 10. Mwambie mtu asimame karibu na swichi ili mtoto au mgeni asiizime. Hata ukurasa ukionekana umesimama, hesabu robo saa nzima kabla ya kusema kwamba umekwama.

BAADA YA KAZI

Ingia tena katika ukurasa wa ruta, uhakikishe kwamba namba ya toleo imebadilika. Kisha fanya haya manne papo hapo, kwa sababu programu mpya haimsaidii mtu aliyeacha funguo mlangoni.

Badili neno la siri la msimamizi kama bado ni lile la kiwandani. Wale waliozikusanya kamera na ruta mwaka 2016 walitumia orodha fupi ya maneno ya siri ya kiwandani, nayo yakawafungulia vifaa vingi.

Zima ruhusa ya kuiendesha ruta kutoka nje ya nyumba. Katika ukurasa huandikwa "Remote Management". Hili ni kwa ruta yako tu. Kampuni ina njia yake ya kukifikia kisanduku chake.

Zima "WPS", ile njia ya kuunganisha kwa kubonyeza kitufe au kwa namba fupi.

Mwisho, tazama mahali palipoandikwa "DNS". Hapo ndipo wezi wa Brazili walipobadili. Ukikuta namba ambazo hukuziweka wewe, piga simu kwa kampuni uulize kama ni zao.

IKIKWAMA

Ruta isipoamka baada ya nusu saa, ichomoe, hesabu mpaka 30, ichomeke tena. Isipofaulu, tafuta kitundu kidogo nyuma yake kilichoandikwa "Reset". Bonyeza kwa kijiti chembamba kwa sekunde 10 ruta ikiwa inawaka. Hii itafuta mipangilio, lakini uliishaihifadhi. Ikigoma bado, mpelekee fundi pamoja na faili na zile namba ulizoandika. Ruta nyingi zina mlango wa dharura ambao fundi anaujua.

Kama taa ya LOS inawaka nyekundu, tatizo si programu. Nuru haifiki. Piga simu kwa kampuni. Usichomoe kichwa cha faiba wala usichungulie ndani yake. Mna nuru ya leza isiyoonekana kwa macho nayo inaweza kuyadhuru macho, na vumbi likiingia hapo laini inaharibika. Uzi wenyewe usiukunje, kwa kuwa kioo huvunjika.

MATAPELI NA RUTA ZILIZOZEEKA

Programu ya ndani haiuzwi. Anayepiga simu au kubisha hodi akidai ada ya "kuongeza spidi", au akitaka umtajie neno la siri, mwambie asubiri, kisha wewe upige namba iliyo kwenye mkataba. Fundi wa kweli hachukii kuulizwa.

Ruta nazo hustaafu. Kiwanda kikiacha kuitolea modeli fulani programu mpya, nyufa zake hazizibwi tena milele, hata kama inawaka vizuri. Mei 2025 shirika la upelelezi la FBI la Marekani lilionya kwamba wahalifu walikuwa wakiziteka ruta za zamani za namna hii ili kujificha nyuma ya nyumba za watu. Mtu akikuuzia ruta iliyotumika kwa bei ya kutupa, tazama kwanza katika tovuti ya kiwanda tarehe ya programu yake ya mwisho. Ikiwa ni ya miaka mingi iliyopita, bei hiyo si rahisi.

KWA WANAOTUMIA LAINI MOJA

Palipo na familia nyingi, jambo la wote huwa si la mtu. Chagueni mmoja mnayemwamini, na mwingine wa kumshuhudia. Hao wawili washike neno la siri la msimamizi na daftari la ruta. Daftari liwe na modeli, toleo la kifaa, toleo la programu, tarehe ya kila badiliko, na namba ya simu ya kampuni. Kila baada ya miezi mitatu wakague kama pana programu mpya. Aliyeshika daftari akihama, alikabidhi mbele ya wote na neno la siri libadilishwe siku hiyo hiyo.

Mwenye swali aliandike pamoja na modeli na toleo la ruta yake, alikabidhi kwa katibu wa tawi. Asiandike neno lake la siri kwenye karatasi hiyo.